Mpaka Mihogo Iishe

Immakulata wa Titye alikuwa na ugonjwa mmoja tu, na ugonjwa wenyewe haukuwa na dawa pale zahanati: kuuliza. Ukimwambia mvua imepiga Kibondo, atataka kujua imepiga upande gani, nani kaleta habari, na huyo aliyeleta habari aliloa au hakuloa. Utotoni katekista alimtoa nje ya mafundisho ya kipaimara kwa sababu aling'ang'ania kujua Nuhu aliwalisha nini simba muda wote ule ndani ya safina. Wanakijiji wakambandika jina la Mama Kulikoni. Aliliitikia bila kinyongo, ila aliwasumbua watu wiki nzima akimtafuta aliyelianzisha.

Ukitaka kumwelewa lazima uanzie kwa mama yake, Esteri. Huyu alivuka kutoka Burundi mwaka wa sabini na mbili, kwa miguu, na kichwani alibeba kitu kilichowachekesha wenzake njia nzima: chipukizi la mgomba, limezungushiwa gunia. Watu wamebeba sufuria, wamebeba watoto, yeye kabeba mgomba! Lakini mgomba ule ulitoka nyuma ya nyumba yake, na Esteri hakuona kwa nini auache uliwe na mbuzi wa watu.

Alipofika Titye akaazimwa kipande cha kulima, na hapo akakutana na sheria ambayo haikuandikwa mahali popote na kila mtu anaijua. Shamba la kuazima halipandwi kitu cha kudumu. Maharage ruksa, mahindi ruksa, karanga na mihogo ruksa. Mgomba hapana, kahawa hapana, parachichi usithubutu, maana ukimwachia mtu apande kitu kitakachomzidi umri, kesho keshokutwa ataanza kujiita mwenye shamba. Basi Esteri akalitoa chipukizi lake, akampa mama mmoja wa hapo kijijini alipande kwake lisije likakauka. Immakulata, ambaye alizaliwa baadaye, alimuuliza maisha yake yote, ulimpa nani? Esteri alijibu kwamba alikuwa mama mwema na hayo yamekwisha. Akiulizwa kwa nini hakwenda kulidai, alikumbuka ghafla kwamba ana kuni za kupasua.

Kwa hiyo Immakulata alikua mpaka akawa mtu mzima hajawahi kupanda mgomba. Hebu fikiria jambo hilo katika nchi ya Waha, ambako nyumba huioni mpaka upenye migomba, ambako hata mvivu wa mwisho kijijini ana mashina yake nyuma ya jiko. Nyumba ya Esteri ilisimama juani, inaonekana toka barabarani kama jino moja kinywani. Bibi huyo alikuwa na ombi moja tu kwa Mungu na kwa binti yake: siku moja akae kwenye kivuli cha mgomba wake mwenyewe.

Immakulata aliolewa na Mha wa Kasanda, akafiwa mapema, akarudi kwa mama yake na ng'ombe aliyeachiwa na marehemu. Ng'ombe huyo na ndama wake ndio aliowatoa kununulia ardhi ya Mzee Castory mwaka 2001. Kilikuwa kipande kizuri cha udongo mwekundu, kinashuka taratibu mpaka kwenye kijito. Mtendaji wa kijiji aliandika, wazee wakashuhudia, lubisi, ile pombe ya ndizi, ikanywewa mpaka mtu mmoja akaimba kwaya peke yake. Jambo moja tu liliongezwa, tena ni desturi na hakuna aliyelishangaa: shambani mlikuwa na mihogo ya Castory, na muuzaji huachiwa avune alichokipanda. Mnunuzi ataingia mihogo ikiisha.

Haya sasa. Mahindi yakikomaa yanakomaa, unavuna, kwisha. Maharage hayamngoji mtu. Lakini muhogo una tabia zake. Unakaa ardhini mwaka, miaka miwili, hata mitatu, unang'oa wa leo unauacha wa kesho. Immakulata alingoja msimu, akangoja wa pili, akaenda kwa adabu zote kumuuliza mzee ataingia lini. Castory akamkaribisha kiti, akamuuliza hali ya Esteri, kisha akajibu kwa Kiha neno moja, ejo.

Neno hili lina mambo. Kwa Waha, na kwa ndugu zao wa ng'ambo, Burundi, ejo ni kesho na ejo hiyo hiyo ni jana. Kitenzi ndicho kinachokwambia unaelekezwa mbele au nyuma. Castory hakutumia kitenzi. Alisema ejo, akamjazia Immakulata kikapu cha mihogo ampelekee mama yake, na Immakulata akashuka kilima akiwa amejitwika mazao ya shamba lake mwenyewe kama zawadi. Mambo yakaenda hivyo mwaka baada ya mwaka. Mtu unamkabaje mzee anayekupa kikapu?

Lililomnyima usingizi, kwa jinsi alivyo, halikuwa hasira. Lilikuwa swali. Shamba lile si kubwa, nyumba ile inakula kila siku, mihogo haiishi kwa nini? Siku moja akasimama njiani kumtazama Josepha, mke wa Castory, aking'oa ya jioni. Josepha alishika shina, akalivuta, akachambua mizizi akaitupa kapuni. Kisha mkono wake, bila yeye kuutazama, ukakata kijiti cha lile shina, ukakichomeka kwenye shimo lile lile, na kisigino kikashindilia udongo. Muda wote huo alikuwa anamsimulia Immakulata habari za harusi ya mpwa wake.

Immakulata alicheka mpaka Josepha akamuuliza kulikoni. Alipofika kwake akang'oa muhogo kwenye kipande chao cha kuazima, akaona mkono wake mwenyewe ukifanya vile vile. Kukata, kuchomeka, kushindilia. Hakikuwa kitendo cha wizi, hakuna mtu wa Titye anayeng'oa muhogo akaacha shimo wazi, ungedhani kaacha mlango wazi. Lakini pale alipo akaingiwa na ubaridi, maana alielewa kwamba kwa mtindo huo mihogo ya Castory haitaisha mpaka parapanda.

Alipaswa kusema siku ile. Mimi ningesema, na wewe msomaji najua ungesema. Yeye alimwona Castory mzee, Josepha mkarimu, akajiambia atasema mavuno yakipita. Mavuno gani? Ndiyo hayo yasiyopita.

Mwishoni mwa 2012, wakati kambi ya Mtabila inafungwa na malori yanapita barabarani usiku na mchana, Mzee Castory akafariki. Matanga yalipoondolewa, mwanawe Ildefonsi, mfanyabiashara wa mbao kule Murungu, wilaya ya Kibondo, alikuja kusimamia mali za baba yake. Immakulata alimwendea. Ildefonsi alimjibu kwa heshima kwamba makubaliano anayajua, baba alimweleza, lakini mihogo si anaiona bado imo? Asubiri. Immakulata akasubiri. Mwaka uliofuata alipomrudia, kijana alikuwa na maneno mapya. Alikuwa amekaa mjini Kasulu na watu wanaojua sheria, wakamwambia anayedai ardhi ana miaka kumi na miwili, ikipita asahau. Imepita. Mama, umechelewa.

Jamani! Mtu anakuzuia mlangoni, anakwambia bado, bado, halafu anageuka anakwambia mbona umechelewa kuingia. Immakulata hakugomba. Aliuliza, "Nimechelewa tangu lini?" Ildefonsi alisema hayo akayaulize baraza.

Akaenda kuyauliza. Mapema 2014 alifungua shauri kwenye baraza la kata, kisha kuchelewa kukaanza upya na nguo nyingine. Mara akidi haijatimia, mjumbe mmoja ameuguliwa. Mara mwenyekiti, Mzee Nicodemus, kaenda kutolewa mtoto wa jicho. Mara kuna uchaguzi wa serikali za mitaa, na nusu ya wajumbe wanatafuta kura. Kila mara Immakulata alirudi nyumbani, na Esteri, ambaye sasa alikuwa haondoki kitandani, aliuliza swali lile lile, mihogo imeisha? Naye Immakulata, mwanamke asiyekubali jibu nusu kutoka kwa mtu yeyote, alimpa mama yake jibu la Castory. Ejo, mama. Ejo.

Esteri alifariki mvua za Novemba zikiwa zimekolea, uchaguzi bado, shauri bado. Alizikwa makaburi ya kanisa. Immakulata alilia sana, na katikati ya kilio akawa anauliza, kwa sauti, kwa nini hakuongea ile siku aliyosimama njiani. Hilo ndilo swali pekee ambalo hakutaka mtu amjibu.

Sasa wengi walidhani ataliacha shauri. Bibi aliyekuwa akingojewa kivuli amekwenda, shamba la nini tena? Lakini Immakulata alikuwa hajawahi kuwa na mahali pa kuchomeka kitu kinachobaki, na alikuwa anaukaribia uzee akilima kwa hisani ya watu. Akishindwa, atazeeka juani kama mama yake, na atakufa vivyo hivyo. Alilijua hilo. Mwanzoni mwa 2015 baraza lilipoita, alifika wa kwanza.

Mzee Nicodemus, kwa jicho lake jipya, aliamua wakasikilizie shambani kwenyewe. Walikaa ukingoni, juu ya magogo, wajumbe upande mmoja, watu upande mwingine. Bibi shamba wa kata, Loyce, mtu wa Lushoto aliyeletwa na kazi, aliitwa aje kutazama mazao. Ildefonsi alijieleza vizuri, kwa kweli, shati limechomekwa, maneno yamepangwa. Huyu mama alinunua mwaka 2001, leo ni 2015, hajawahi kulima hata tuta moja humu, sheria haimngoji anayelala. Nicodemus akamgeukia Immakulata akamuuliza alikuwa wapi miaka yote hiyo. Akajibu alikuwa anasubiri mihogo iishe. Watu wakacheka, naye akangoja wamalize.

Kisha akauliza swali lake, na si kwa ujanja. Lilikuwa linamkereketa tangu ile siku ya Josepha na harusi ya mpwa. "Bibi shamba, naomba unisaidie. Muhogo uliotokana na kijiti cha muhogo, ni ule ule, au ni mwanawe?"

Jirani yake alimvuta kitenge akae. Na alikuwa na haki ya kuogopa, maana swali lile lilikuwa shimo pande zote mbili. Loyce akisema ni muhogo mwingine, basi ile mihogo ya Castory iliisha zamani mno, siku ya kuingia ilishapita, na Immakulata kweli kalala. Akisema ni ule ule, basi mihogo ile haijaisha wala haitaisha, na Immakulata akae asubiri mpaka kiama. Mtu mwenye akili zake angenyamaza. Lakini Mama Kulikoni hakuwa anatafuta ushindi dakika ile, alikuwa anataka kujua.

Watu walishika upande bila kuombwa. Mzee mmoja akasema mtoto ni mtoto hata akifanana na baba. Mama mwingine akamjibu kwamba mtoto anahitaji wawili, huo muhogo umezaa na nani? Loyce alikuwa amechuchumaa, anakwaruza gome la shina kwa ukucha. Akasema mahindi ni watoto, kwa sababu yanatoka kwenye mbegu, na mbegu ina mama na baba. Muhogo hapana. Kijiti ni kiungo cha mwili ule ule, kimekatwa kikaota, hakuna kipya kilichozaliwa. "Hata migomba iko hivyo," akaongeza, akijipangusa mikono. "Chipukizi ni mgomba ule ule, umehama tu."

Ildefonsi aliruka kwa furaha. Basi yamekwisha, akasema, mtaalamu kanena, mihogo ya baba haijaisha na makubaliano yanasema aingie ikiisha. Asubiri.

Nicodemus alivua miwani. "Rudia, kijana wangu."

"Mihogo haijaisha."

Mwenyekiti akamwambia katibu aandike hivyo hivyo, neno kwa neno. Kisha akasema polepole, "Kama haijaisha, siku ya huyu mama haijafika. Sasa wewe umwambie amechelewa vipi siku ambayo haijafika?"

Unamjua mtu aliyefunga mlango akakuta vidole vyake vimo. Ildefonsi alijaribu kurudi nyuma, akasema alimaanisha kwamba ile ya baba, ya asili, iliisha. Iliisha lini? Hakujua, yeye alikuwa Murungu. Nicodemus akamgeukia Josepha, mjane, ambaye hakuwa ametia neno tangu asubuhi, akamuuliza yeye mwenye kung'oa: mihogo hii iliisha lini?

Josepha aliwatazama wote kwa mshangao wa kweli. "Itaishaje," akasema, "na watu tunakula?"

Hapo hata Ildefonsi alicheka, kwa kushindwa kujizuia. Baraza lilijitenga chini kwenye kijito, likarudi na uamuzi. Castory alipokea ng'ombe akapewa nafasi ya kuvuna, hakupewa nafasi ya kupanda tena. Familia itang'oa mihogo yote kabla ya mvua zijazo, bila kurudisha hata kijiti kimoja ardhini, na siku ya shina la mwisho shamba ni la Immakulata. Ildefonsi alitishia kukata rufaa Kigoma, na angeweza, na wote tunajua rufaa ingekula miaka mingine. Mama yake ndiye aliyemzuia. Alimkumbusha kwamba maziwa ya ng'ombe yule ndiyo yaliyolipa ada yake, akamuuliza anataka ayatapike lini.

Shina la mwisho liling'olewa Septemba, vumbi bado lipo hewani. Walikuwa wawili tu, Josepha na Immakulata, kwa sababu Josepha alitaka kumaliza mwenyewe. Akalivuta, likatoka, akachambua mizizi. Mara mkono ule, mkono wa maisha yake yote, ukashika kisu, ukakata kijiti, ukainama kwenye shimo.

Immakulata aliudaka hewani.

Josepha alitazama kijiti kilichokuwa mkononi mwake kama kimewekwa na mtu mwingine. Aliona haya kabisa, akasema mkono umekwenda wenyewe, mwanangu, usinihesabie. Immakulata akamwambia anajua, na wake unafanya vivyo hivyo. Wakakaa chini kwenye udongo uliochimbuliwa. Shimo lilikuwa wazi mbele yao, na kwa kweli liliwasumbua wote wawili.

Josepha akanyanyuka bila kuaga, akapanda kilima kwenda kwake. Aliporudi alikuwa amebeba kitu kichwani, kimezungushiwa gunia. Alikishusha kwa uangalifu, akafungua: chipukizi la mgomba, lina mizizi mibichi, kitovu chake kimechongoka vizuri. Alisema limetoka nyuma ya jiko lake, kwenye shina alilolipanda akiwa bibi harusi, kabla hata ya Ildefonsi. Alisema alikuwa analitunza kwa zamu, shina likizeeka anaacha chipukizi lake, na ndizi zake alikuwa anakula kwa wasiwasi kidogo, maana hazikuwa zake.

Immakulata alielewa kabla hajamaliza kusikia. Maswali yalimjia yote kwa pamoja. Kwa nini hakusema? Josepha alisema angesemaje, mwenyewe Esteri alikuwa anapita pale kila Jumapili na hakuuliza, na yeye akadhani anangoja apate shamba kwanza. Ulikuwa mzigo wa kuwekewa, mtu hamsukumii mwenzie amana yake wakati hana mahali pa kuiweka. Kila mmoja alikuwa anamheshimu mwenzake, miaka arobaini.

"Alikuambia nini siku anakupa?" akauliza Immakulata.

Josepha alifikiri, akitaka kulitoa kama lilivyosemwa. "Alinishika mkono. Akasema, nitunzie, nitakuja kuuchukua ejo."

Immakulata alipiga magoti, akautia mgomba wa mama yake ndani ya shimo la muhogo wa mwisho. Udongo ulikuwa mkavu, ikabidi aushindilie kwa kisigino mara mbili.